Sufuria Inayokohoa

Niseme wazi tangu mwanzo: muziki wa ndugu yangu siupendi. Gracien anapenda roki, na si roki ya kawaida, bali ile nzito wanayoiita metali, gitaa zinalia kama mashine ya kukatia mabati na mtu mmoja ananguruma kana kwamba mlango umembana vidole. Bukavu nzima inacheza rumba na nyimbo za kanisa. Yeye anafumba macho, anatikisa kichwa, nywele zinamfunika uso. Nilizoea kumwambia kwamba ule ni muziki wa watu wanaoumwa tumbo, naye alinicheka tu, akaongeza sauti.

Maman alikuwa na uvumilivu kuliko mimi. Fulana nyeusi za Gracien zenye mafuvu ya vichwa alizifua kwa mikono yake, kisha akazianika ndani nje ili mafuvu yasionekane, kwa sababu njia ya kwenda kanisani inapita mbele ya kamba yetu ya nguo. "Ni mutoto," alikuwa akisema. Mtoto mwenyewe ana miaka ishirini na saba na ndevu.

Maman anaitwa Domitille. Ni mjane, anauza unga wa muhogo katika soko la Kadutu, na nyumba yake iko Cimpunda, kule ambako paa la jirani wa chini liko usawa wa miguu yako. Gracien anakaa kwake. Mimi, Bibiane, ndiye mkubwa. Nimeolewa Kasha, upande mwingine kabisa wa mji, na huko ndiko ninakofundisha kemia. Nyumba ya Maman haina mlinzi wala ukuta. Ina sufuria.

Asiyekaa Cimpunda huenda asielewe. Kwetu kila nyumba ina sufuria yake ya wezi. Wenye silaha wakiingia kwako, unaipiga kwa mwiko wa chuma. Jirani akisikia anapiga ya kwake, na wa juu yake vilevile, mpaka kilima chote kinalia na wanaume wanatoka na marungu. Polisi wakifika, wanafika asubuhi. Sufuria ndiyo inayofika kwanza.

Ya Maman inajulikana. Ni kubwa, nzito, ya zamani, na ina ufa karibu na sikio moja tangu ilipoanguka mwaka ule tulipomzika Papa. Ukiipiga inatoa sauti mbili kwa mara moja, ya kengele na ya mtu mwenye kifua kibovu. Watu wanasema sufuria ya Domitille inakohoa. Haipikiwi chochote. Inakaa chini ya kitanda chake, na mwiko wake ndani. Siku moja iliwahi kumwokoa: wezi walivunja dirisha, akapiga, na kabla hajachoka mkono uwanja ulikuwa umejaa watu. Maman alipenda kuisimulia habari ile. Alisema siku hiyo ndipo alipojua kwamba hata bila mume hakuwa peke yake.

Sasa Gracien akaamua kutengeneza filamu ya kutisha. Hadithi yake alinieleza mezani kwangu, huku akimaliza samaki wa mume wangu. Wanamuziki wanne wa metali wanakufa kwa maporomoko ya udongo. Baada ya mwaka wanatoka ardhini na vyombo vyao, wanapiga katika korongo la Cimpunda, na kila anayesikia ngoma yao anatoka nyumbani kwake, anatembea kuifuata sauti, na harudi tena. Filamu ingeitwa *Anayesikia*.

"Kwa nini harudi?" nikamwuliza.

"Njo ile inaogopesha, ya Bibiane. Ukisikia, lazima uende." "Ya" kwetu ni heshima ya dada mkubwa.

Mwimbaji alikuwa Hervé, kijana mpole kabisa anayepiga gitaa katika kwaya ya Wapentekoste. Gitaa lenyewe lilikuwa la kanisa. Walimwambia mchungaji kwamba ni filamu ya uinjilisti, na kwa kuwa mwishoni kulikuwa na mtu anayesali, hawakumdanganya sana. Nyuso walijipaka unga wa muhogo wa Maman na makaa. Hervé alipoanza kutoka jasho, unga ulikuwa bugali kidevuni. Nilicheka mpaka nikakaa chini.

Ngoma hawakuwa nazo. Seti ya ngoma ni kitu cha wenye uwezo. Gracien akasema ngoma ya filamu yake iko tayari katika kila nyumba ya Cimpunda: angepigisha sufuria zote, kilima kizima, na hakuna bendi ya metali duniani ingekuwa na sauti kama ile. Nakiri wazo lilinishtua, kwanza kwa uzuri wake. Kisha nikamtazama Maman.

Maman alikuwa ameacha kupepeta unga.

"Nipatie ya kwako, maman," Gracien akamwambia. "Ile kukohoa yake, hakuna mutu mwingine iko nayo."

"Sufuria yangu haiko ya kuchezea."

"Dakika kidogo tu. Nitarekodi, nakurudishia."

"Gracien." Akaweka ungo chini. "Siku nitaipiga, nataka batu bakuye mbio. Sitaki bafikiri niko nacheza."

Akamwomba tena kesho yake, na keshokutwa. Alimwahidi jina lake mwishoni mwa filamu kwa herufi kubwa. Alimbembeleza jinsi alivyombembeleza utotoni akitaka mandazi. Maman alikataa kila mara, na kwa kweli hakumnyima mwanawe vitu vingi maishani.

Wengine hawakukataa. Kwao ilikuwa sherehe. Ili watu wasishtuke, chef wa avenue, mkubwa wa mtaa wetu, Papa Zagabe, akapanda juu ya jiwe na megafoni yake, kofia kichwani, akatangaza mpaka bondeni:

"Batu ya Cimpunda! Kuanzia leo lundi mpaka samedi, dix-sept heures mpaka dix-neuf heures, mukisikia sufuria, musihangaike! Musitoke na marungu! Iko filme! Narudilia, iko filme!"

Yaani saa kumi na moja mpaka saa moja jioni, juma zima. Jumatatu ile nilikuwa nimeleta dawa za Maman, kwa hiyo niliyasikia kwa masikio yangu. Nikamfuata mzee pale penye jiwe.

"Papa Zagabe, na mwizi akikuya ile saa?"

"Madame professeur, mwizi gani anakuya mapema vile?"

"Mu ile saa ya mwisho giza inakuwa imeshaingia. Na mwizi naye iko na masikio, papa. Amesikia megafoni kama mimi."

Watu waliokuwa karibu wakaangua kicheko. Papa Zagabe akanipiga begani kwa upole na kusema walimu wana kazi ya kuogopa. Mimi nina hasira za karibu, na ningemjibu vibaya, lakini ni mtu aliyembeba baba yangu kaburini. Nikapanda pikipiki, nikarudi Kasha.

Wiki ile walipiga picha kila jioni katika uwanja wa Papa Zagabe, ng'ambo ya korongo, mkabala na nyumba yetu. Kamera ilikuwa ya rafiki anayepiga arusi. Usiku kamera, taa, betri na vikuza sauti vililala chumbani kwa Maman, na mtaa mzima uliviona vikipelekwa na kurudishwa. Gracien alinitumia vipande vya sauti kwenye simu. Sufuria hamsini zikipigwa pamoja, gitaa la Hervé likikwaruza juu yake. Kwa mara ya kwanza nilielewa anachokipenda katika muziki ule. Nywele zilinisimama. Nikamwandikia kwamba safari hii hakuna anayeumwa tumbo, akafurahi kama amepewa nchi.

Ijumaa jioni simu ikalia. Jina lilikuwa la Gracien, lakini nilisikia pumzi tu, pumzi ya mtu aliyekimbia. Kisha simu ikachukuliwa na Maman Séraphine, jirani yetu wa karibu kabisa, rafiki wa Maman tangu ujana wao.

"Bibiane, kuya ku hospitali. Maman yako iko muzima. Lakini kuya."

Sikumbuki nilivyofika. Nakumbuka kitanda, na juu yake Maman, mdogo kuliko ninavyomjua, na mkono wake wa kuume umefungwa kwa kitambaa cha kitenge chenye ndege wa njano. Kilikuwa kikwembe cha Séraphine. Alikipasua katikati kumzuilia damu, na nusu iliyobaki alikuwa bado ameivaa, magoti yako nje, naye hakuwa na habari.

Walikuwa watatu, wenye bunduki moja. Walitaka kamera. Kamera ilikuwa ng'ambo, kazini. Walipokuwa wakivunja mlango Maman aliwahi kuingia chumbani, akajifungia, akaitoa sufuria. Alipiga. Waliupiga mlango mateke naye akapiga. Mlango ulipokubali, mmoja akamkamata mkono, akauweka juu ya ukingo wa kitanda, na mwingine akauponda kwa kitako cha bunduki. Walichukua betri za akiba na simu ya Maman, wakashuka taratibu kama watu waliotoka kunywa chai.

Nikaketi ukingoni mwa kitanda.

"Nilipiga, Bibiane," Maman akasema. Sauti ilikuwa ndogo. "Nilipiga sana. Haikufika?"

Kabla sijafungua mdomo, Séraphine akajibu.

"Upepo, Domitille. Ilikuwa upepo mubaya, inapeleka sauti yote kule ku ziwa. Hatukusikia kitu. Ningesikia, ningeacha kukuya?"

Maman akamtazama. Halafu uso wake ukalegea wote, paji, mashavu, midomo, na sindano ya mganga ilikuwa haijamgusa bado.

"Basi," akasema. "Nilikuwa nafikiri mulisikia, mukaniacha."

Nikatoka nje. Gracien alikuwa amechuchumaa ukutani katika kolido, fulana yake yenye fuvu imejaa vumbi la unga. Hakuinua macho.

"Nilisikia," akasema.

"Ulisikia nini?"

"Nilikuwa na casque ku masikio. Nilisikia ile kukohoa. Nilijua ni ya kwake. Nikasema, Maman ameishakubali." Akajipangusa unga fulanani. "Nilifurahi, ya Bibiane. Nikamugeuzia micro."

Nikampiga kofi. Sijawahi kumpiga tangu tulipokuwa watoto, na lile kofi lilisikika mpaka mwisho wa kolido. Muuguzi mmoja akageuka. Ndugu yangu alibaki ameinamisha kichwa kana kwamba anasubiri la pili.

"Umerekodi?"

"Yote."

"Unafuta. Leo. Na Maman asijue hata siku moja."

"Nitafuta."

Vidole viwili havikupona. Vimenyooka, havikunjiki, na mkono hauwezi kushika mwiko wa bugali. Kila jioni Séraphine alivuka uwanja kuja kumsongea. Walikuwa wakikaa jikoni, mmoja anasonga, mwingine anamkosoa kwamba moto mkubwa, na mimi nikipita Jumamosi niliwakuta wanacheka. Papa Zagabe alileta makaa, akayaweka mlangoni na kuondoka kabla hajashukuriwa. Cimpunda nzima ilimtunza. Na Maman, sokoni, njiani, baada ya misa, aliwaeleza watu habari ya upepo. Ulikuwa upepo mbaya, alisema. Bila ule upepo kilima chote kingekuja.

Kuna kitu kingine kilichonivunja moyo. Siku moja niliingia bila kubisha nikamkuta ameketi kitandani, sufuria magotini, mwiko katika mkono wa kushoto. Alikuwa akijaribu polepole, akigusa tu.

"Ya kushoto iko bila nguvu," akaniambia. "Lakini nitazoea. Siku ingine upepo hata ikiwa, itafika."

Nilikwenda nje nikajifanya nahesabu kuni. Ndivyo tulivyoishi. Nilimchukia Séraphine kwa uongo wake, na papo hapo nilimwombea Mungu ambariki kwa uongo huohuo, kwa maana bila huo Maman angekuwa anaishi katikati ya watu waliomsikia akivunjwa mkono wakaendelea na shughuli zao.

Filamu nilidhani imekufa. Gracien alikuwa amekata nywele, haongei, muziki haulii tena nyumbani. Lakini msimu wa mvua ulipokwisha Hervé alikuja na habari: *Anayesikia* imekamilika, na itaonyeshwa Jumapili mchana katika sali ya paroisse, ukumbi wa parokia yetu, bure, watu wote waje. Maman alifurahi kuliko siku zote. Mwanawe ametengeneza filamu! Alivaa liputa lake la sikukuu, akamlazimisha Séraphine naye avae.

Mlangoni nilimshika Gracien mkono.

"Ulifuta?"

"Ingia, ya Bibiane. Watu ni wengi."

Ni kweli walikuwa wengi, wakanisukuma ndani. Mbele waliketi watu wa Cimpunda, maana ndio waigizaji. Nyuma walisimama wanafunzi wa chuo, kelele tupu, wawili watatu wana fulana nyeusi kama za Gracien. Maman alikuwa safu ya kwanza, Séraphine kushoto kwake, mimi kuume. Shuka jeupe lilikuwa limetundikwa ukutani, na madirisha yamezibwa kwa mablanketi.

Ilianza vizuri, lazima niseme. Hervé alitoka ardhini na unga usoni, sali nzima ikacheka, kisha akapiga gitaa na hakuna aliyecheka tena. Ule mlio uliingia mbavuni. Wanafunzi walitikisa vichwa. Sufuria za kilima zikaanguka juu ya gitaa, zote kwa pamoja, kibibi mmoja nyuma yangu akapiga ishara ya msalaba, na Maman, Maman wangu wa misa ya asubuhi, alikuwa akipigapiga mguu sakafuni. Aliniinamia sikioni.

"Kumbe iko na akili," akasema.

Nilianza kupumua. Filamu ilikuwa inakaribia mwisho. Yule mtu wa kusali alikwisha kusali. Ndipo gitaa likanyamaza, sufuria zikanyamaza, na shukani tukauona uwanja wa Papa Zagabe wakati wa jioni, mwanga ukiwa unakwisha. Nguo zilikuwa kwenye kamba. Moshi ulikuwa ukitoka katika jiko la mtu. Kulikuwa kimya.

Kisha ikakohoa.

Sijui nieleze vipi. Mara moja, mbali kidogo, ile sauti mbili kwa pamoja. Halafu tena, na tena, haraka, bila mpangilio wowote wa ngoma. Mguu wa Maman ulisimama. Sikuthubutu kumtazama, nikatazama shuka, na hapo nikaona kitu ambacho Gracien hakuniambia hospitalini, kitu ambacho hakuna mtu wa Cimpunda aliyewahi kukitamka.

Walikuwa wanakuja. Mmoja mmoja walitoka milangoni, wameinua nyuso kuelekea upande wa sauti. Papa Zagabe na kofia yake. Hervé, nusu ya unga imefutika. Mama wa mikate, fundi wa viatu, vijana wa kona. Na katikati Séraphine, amejifunga kikwembe chake cha ndege wa njano, kizima, kinafika miguuni. Walitembea pamoja, polepole, wakaukaribia ukingo wa korongo. Ng'ambo yake ni nyumba yetu. Palikuwa na daraja la mbao, hatua chache tu mbele yao. Mkono wa Maman ulikuwa umenishika paja, kwa vile vidole visivyokunjika, na alikuwa akiwatazama wanavyomjia.

"Coupez!" ikapaa amri ya Gracien ya kukata katika filamu, sauti ya furaha, inapasuka. "Coupez! Formidable! Murudi, murudi!"

Wakageuka. Walirudi wakicheka, wakipigana mabega. Papa Zagabe alifuta jasho. Séraphine alisema kitu kwa mama wa mikate na wote wawili wakashika mbavu. Kamera haikuzimwa, ilibaki pale pale, na nyuma ya vicheko vyao sufuria iliendelea kukohoa. Ilikohoa upesi zaidi. Ikapiga pigo moja, kisha nusu ya pigo, kisha basi.

Shuka likawa jeusi.

Wanafunzi nyuma walilipuka. Walipiga makofi, miluzi, mmoja akapaza sauti kwamba huo ndio mwisho mkali kuliko yote aliyowahi kuona. Mbele hakuna aliyejongea. Safu nne za watu wa Cimpunda zilikaa bila hata kikohozi, na makofi ya nyuma, yakikosa wenzake, yakafifia yenyewe. Mtu akaondoa blanketi dirishani. Mwanga wa mchana ukaingia juu ya nyuso zetu.

"Pale," Maman akasema, "pale njo walinishika mukono."

Hakusema kwa sauti kubwa. Kila mtu alisikia.

Akageuka kushoto. "Séraphine. Kikwembe yako ilikuwa ingali nzima."

Séraphine alijifunika uso kwa mikono yote miwili. Alitaka kusema, ikatoka sauti tu, nikamwonea huruma na kumwonea kinyaa kwa wakati mmoja. Papa Zagabe alikuwa amevua kofia, anaizungusha magotini. Hakuna aliyetoka. Nadhani wote walitamani kutoka, lakini ingewalazimu kupita mbele yake.

Gracien alikuja kutoka nyuma ya sali, kando ya ukuta, akasimama mbele ya shuka. Mimi nilikuwa nimeshasimama. Nilitaka kumrarua. Nilimwita mwoga, mnyama, nikamwuliza kama anaona fahari sasa, kama amepata makofi aliyoyatafuta.

"Nilikosa kusema na kinywa," akasema. "Kila siku nilitaka. Ile siku nilimuona na sufuria, mukono ya kushoto, iko anafanya mazoezi. Juu ya upepo."

Maman aliniashiria niketi. Nikaketi. Alimtazama mwanawe jinsi anavyotazama unga kabla hajasema kama ni mzuri.

"Gracien. Ile moshi yenye iko mu filme. Inapanda sawasawa."

"Ndiyo, maman."

"Na nguo ku kamba, haitikisike."

"Ndiyo."

"Upepo ilikuwa wapi?"

Wale watu wote waliinamisha vichwa kabla Gracien hajajibu.

"Haikukuwa upepo, maman."

Akaitikia kwa kichwa, mara moja. Akajifunga vizuri liputa lake na kutoka, nami nikamfuata. Tulipanda Cimpunda. Watu waliokuwa njiani, wasiokuwa na habari, walitusalimu, naye aliwaitikia kwa majina kama kawaida.

Nyumbani aliingia moja kwa moja chumbani. Nilimsikia anavuta kitu chini ya kitanda. Alirudi na sufuria kifuani, akatoa mwiko wa chuma, akautupa penye kuni. Akaisugua kwa majivu, taratibu, ndani na nje, akaisuuza. Kisha akaibandika jikoni, akamimina maji, akatia maharage, akafunika.

"Maman," nikasema. "Na wezi wakirudi?"

Alikuwa ameshachuchumaa anapuliza moto.

"Ufa iko juu," akasema. "Chini haivuje. Nitakuwa naipikia."